Jibu: Harambee ya meli ya kivita, Sweden 1912

Umeuliza kama kweli raia waliwahi kuinunulia nchi yao isiyofungamana na upande wowote meli ya kivita. Ndiyo, Sweden. Mwaka 1911 serikali ya waziri mkuu Karl Staaff iliahirisha ujenzi wa meli ya deraya (meli ya kivita iliyokingwa kwa mabamba ya chuma) kwa sababu ya gharama. Mapema 1912, mwanateolojia Manfred Björkquist akaanzisha mchango wa nchi nzima. Lengo lilikuwa kronor (sarafu ya Sweden) milioni 12; ndani ya miezi michache zilikuwa zimepita milioni 15.

Hapo ndipo wengi hukosea: fedha si meli. Serikali ililazimika kwanza kuukubali mchango. Tena mchango ulilipia chombo chenyewe tu. Mabaharia, makaa ya mawe na matengenezo ya kila mwaka vilibaki mzigo wa bajeti. Na meli moja peke yake haifanyi kikosi, ndiyo maana Bunge lilikuja kugharamia nyingine mbili za aina hiyohiyo.

Tatizo kubwa zaidi lilikuwa muda. Meli hiyo, Sverige, yenye mizinga minne mikubwa ya milimita 283, iliteremshwa majini 1915 na kuanza kazi 1917. Vita vya Kwanza vya Dunia vilikuwa na miaka karibu mitatu tayari!

Kwangu mimi shinikizo la kisiasa lilifanya kazi haraka kuliko fedha. Februari 1914 wakulima zaidi ya 30,000 waliandamana Stockholm wakidai ulinzi imara. Mfalme akawaunga mkono hadharani, na Staaff akajiuzulu siku chache baadaye.