Kwa nini nasikiliza santuri iliyonakiliwa na kuacha remasta rasmi

Mkuu, umeuliza kwa nini mtu aache remasta rasmi (albamu ya zamani iliyotayarishwa upya sauti yake na kampuni), isiyo na mkwaruzo hata mmoja, ahangaike na faili la kompyuta la biti 24 na kilohezi 96 (vipimo vya undani wa rekodi ya dijitali) lililorekodiwa kutoka santuri kuukuu. Wengi watakwambia ni utamu wa santuri. Mimi nimenakili zangu kwa miaka sasa na sioni hivyo. Tunachokimbilia ni masta, yaani matayarisho ya mwisho ya sauti kabla albamu haijachapwa. Santuri ni chombo tu kilichoibeba.

Kwa vipimo, santuri inashindwa vibaya. CD ya biti 16 ina takriban desibeli 96 kati ya kelele ya chini na kilele. Santuri nzuri ikijitahidi hufika 70 hivi. Ila udhaifu huo ndio ulioiokoa. Fundi wa kuchonga alibanwa: besi nzito ikiegemea upande mmoja, sindano inaruka, sauti ikipandishwa mno, mifereji inapanuka na dakika za upande zinapungua. CD haikuwa na breki hiyo. Kuanzia miaka ya 1990 kampuni zilishindana nani asikike kwa nguvu zaidi, limita (vifaa vya kuzuia sauti isipande) zikabana kila kilele, na albamu nyingi za zamani zikarudi sokoni zimesagwa vivyo hivyo. Ukiongeza sauti, ngoma haikupigi kifuani. Kila ala inapayuka kwa pamoja, na baada ya nyimbo chache umechoka bila kujua sababu.

Hata albamu mpya zilikumbwa. Death Magnetic ya Metallica ilipotoka 2008, mashabiki walilalamikia CD, wengine wakahamia nyimbo zilezile zilizomo kwenye mchezo wa video wa Guitar Hero kwa kuwa hazikubanwa kiasi hicho. Upigaji uleule, matayarisho tofauti.

Halafu kuna umri wa mkanda wa sumaku uliobeba rekodi ya awali. Baadhi ya mikanda ya miaka ya 1970 gundi yake hunyonya unyevu hadi inabidi kuipasha joto kwenye oveni kabla ya kuicheza. Santuri ya toleo la kwanza ilichongwa mkanda ukiwa bado mpya.

Biti 24 zinafaa wakati wa kurekodi: unaacha nafasi juu ili mlio wa mkwaruzo usikate wimbi. Kilohezi 96 zinaisaidia programu kutenga mkwaruzo na muziki. Kwa kusikiliza tu, nikishusha faili hadi biti 16 na kilohezi 44.1, sioni tofauti. Wanaotamba na kilohezi 192 wananichekesha kidogo.

Angalizo: usiamini kipimo cha DR (kinachoonyesha tofauti kati ya sauti za juu na za chini) kwa santuri. Santuri mpya iliyochongwa kutoka faili lilelile lililobanwa bado itaonyesha namba nzuri, maana uchongaji na sindano hubadilisha umbo la wimbi na vilele vinachomoza upya, ingawa muziki umebanwa vilevile. Zipo pia remasta zilizofanywa kwa adabu, na hizo nazichukua bila kusita. Linganisha mwenyewe, ila kwanza sawazisha sauti ya mafaili yote mawili, maana sikio hupendelea lenye sauti kubwa zaidi.