Umeshafika Tunduma? Kwa mnaoanza kusoma uhusiano wa kimataifa

Kila muhula mpya huja ofisini kwangu hapa Mbeya vijana wawili watatu na swali lilelile: "Dada, hii kozi itanifikisha ubalozini?" Nami huwajibu kwa swali: umeshafika Tunduma, mpakani na Zambia? Wengi hawajafika. Vita Baridi wanakuelezea mwanzo mpaka mwisho, ila mpaka ulio kilomita mia na kitu kutoka hapa wanausikia redioni tu.

Siwacheki, maana nilikuwa hivyohivyo. Nimezaliwa Kyela, nimekua nikila mbasa, samaki wa Ziwa Nyasa, lakini tasnifu yangu nilitaka iwe juu ya Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa. Msimamizi wangu, mzee asiyependa maneno mengi, akaniuliza, "Mwanangu, si kwenu Kyela? Ziwa lina mgogoro, wewe unakimbilia New York kutafuta nini?" Nikabadili mada, shingo upande.

Sura ya kwanza niliiandika kwa wiki mbili, nikajiona nimemaliza. Nilieleza kwamba Malawi inadai maji yote hadi ufukweni kwetu, Tanzania inasema mpaka unapita katikati ya ziwa, na kwamba chanzo ni mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa Julai 1, 1890. Karatasi zilirudi na neno moja la wino mwekundu pembeni: "Umeusoma?"

Sikuwa nimeusoma. Nilikuwa nimewasoma watu waliowasoma watu waliousoma.

Nilipoupata niliishiwa nguvu. Ibara ya kwanza inasema mpaka unafuata ufukwe wa mashariki, kaskazini na magharibi mwa ziwa hadi pale Mto Songwe unapoingia. Mtoto wa Kyela naona karatasi inanitoa majini! Nikaendelea kusoma kwa uchungu tu, na ibara ya sita ikanikalisha sawa: mistari hiyo inaweza kurekebishwa kwa makubaliano ya pande zote mbili, kulingana na mahitaji ya mahali husika. Moja ya hoja za Tanzania imeegemea hapo. Kisha ukifungua azimio la OAU (Umoja wa Nchi Huru za Afrika) la Cairo la 1964, linalotaka nchi ziheshimu mipaka iliyorithiwa kwa wakoloni, unakuta Malawi inalitumia dhidi yetu, na aliyeliwasilisha alikuwa Nyerere wetu. Sura ile ya wiki mbili niliiandika upya kwa miezi minne.

Tangu hapo, kila mwaka nawapa wanafunzi kazi ya kuitetea Malawi kwa kurasa tano. Wananuna kweli, na kuna mmoja aliwahi kuniuliza kama nina ndugu Karonga, kule Malawi. Lakini asiyeweza kuandika hoja ya upande wa pili hadi wenyewe wakaitambua, huyo ni mshabiki, nami simpi alama za mchambuzi.

Someni pia vitu visivyoandikwa. Kuhusu TAZARA, reli ya Dar es Salaam hadi Zambia inayopita hapa Mbeya, insha nyingi ninazosahihisha zimejaa udugu na mshikamano, basi. Kweli, Rhodesia (Zimbabwe ya leo) ilipojitangazia uhuru wake Novemba 1965 Zambia ilihitaji njia nyingine ya baharini, nchi za Magharibi zikakataa kugharamia, China ikakopesha bila riba, na kilomita 1,860 zikajengwa kati ya 1970 na 1975. Lakini chukua futi kamba upime reli yenyewe. Ina upana wa milimita 1,067, kama reli za Zambia na za kusini kwake, wakati reli yetu ya kati ya zamani ina milimita 1,000. Behewa la Kigoma haliwezi kuteleza tu likaingia Mbeya. Hapo mtu alikaa akachagua tuungane na nani, na uchaguzi wake bado umelala chini kwa chuma.

Kuhusu ajira nitasema kifupi. Nafasi za wizarani ni chache, na kuna waliopitia Chuo cha Diplomasia cha Kurasini wanaozisubiri pamoja nanyi. Msikae na vyeti mkiitazama simu. Forodha, uhamiaji, kampuni za mizigo na mashirika ya kilimo yanahitaji mtu anayeusoma mkataba akauelewa. Aprili 2025 Tanzania ilipozuia mazao kutoka Malawi na Afrika Kusini, kwa kujibu vikwazo vya nchi hizo, kisha zuio likalegezwa ndani ya siku chache, wauza ndizi wa Rungwe walihitaji mtu wa kuwaeleza nini kimebadilika. Na aliyepata daraja la tatu asikate tamaa. Ali Mazrui wa Mombasa, yule msomi mkubwa wa siasa, alianza hivyohivyo, akafanya ukarani kwanza, na 1966 akapata udaktari Oxford.

Bumu, yaani ule mkopo wenu wa masomo, likiingia, toa nauli ya kosta uende Tunduma. Mara ya kwanza nilimkuta wakala wa forodha, elimu yake kidato cha nne, akijaza cheti cha asili ya bidhaa juu ya boneti ya gari. Nikamwuliza kwa nini ni cha SADC, jumuiya ya nchi za kusini mwa Afrika, na si cha COMESA, soko la pamoja la nchi za mashariki na kusini mwa Afrika. Hata hakuinua kichwa: "Dada, COMESA sisi tulitoka 2000. Zambia wamo, sisi hatumo. Nikijaza hicho, lori linalala hapa." Mimi ule utitiri wa jumuiya niliufundishwa muhula mzima kwa michoro ya duara.

Nendeni asubuhi, kabla mawakala hawajabanwa na foleni ya malori, na mbebe koti. Andikeni kwenye daftari. Simu ziacheni mfukoni: mimi nilipiga picha moja tu ya geti, mchana wote ukaishia kwenye benchi nikijieleza.