Viwavi kwenye kabichi: jaribu muarobaini kwanza

Pole sana dada yangu. Umesema kabichi zako hapo Wete zimetobolewa kama chekeche, dawa ya dukani umeshapiga mara tatu, na ukigusa jani viwavi vidogo vya kijani bado vinaning'inia kwa uzi. Hivyo ni vya nondo wa kabichi, na vimeshazowea sumu nyingi. Usizidishe kipimo; utaumia wewe na walaji.

Mimi huku Unguja niliokoa matuta yangu kwa muarobaini. Twanga kokwa kavu, gramu 50 kwa lita moja ya maji, roweka usiku kucha, chuja kwa kitambaa, tia sabuni kidogo. Piga magharibi, maana jua huipunguzia nguvu, na fika chini ya majani, ndiko vinakojificha. Rudia kila wiki, na mvua ikinyesha piga tena. Havifi papo hapo, huanza kwa kuacha kula, kwa hivyo usikate tamaa siku ya pili.

Asubuhi okota kwa mkono. Vyenye manyoya usivishike, vinawasha vibaya.

Kabichi ulizopiga sumu usiziuze wala usizile kabla ya siku zilizoandikwa kwenye chupa. Wiki mbili zikipita bila nafuu, mpelekee bwana shamba jani lenyewe pamoja na wadudu wake.