Kabla hujakataa sale la nyumbani kwenu, soma hii

Juzi kati kijana mmoja kaniandikia inboksi. Ameokoka hapa hapa Dar, na Desemba hii anapanda nyumbani Kilimanjaro kwa sababu baba yake na baba yake mkubwa hawaongei na ukoo umeitisha kikao baada ya Krismasi. Mbege, pombe yetu ya ndizi, itakuwepo, sale litakuwepo, na kiongozi wa kikundi chake cha maombi kamwambia asikanyage pale, eti ni matambiko. Anauliza dada nifanyeje. Mdogo wangu, nikajua hii siwezi kuijibu kwa mistari miwili, maana hilo jambo nimelipitia mwenyewe na mpaka leo kuna sehemu bado inauma.

Kwa wasiotoka mlimani, sale ni ule mmea wa majani marefu unaouona umepandwa kuzunguka kihamba, yani shamba la migomba la ukoo penye nyumba, ndio mpaka wetu, na makaburini pia upo. Ukimkosea mtu unachukua jani lake unampelekea, na akishaletewa sale hatakiwi kukataa. Hata kama umemuumiza vipi. Nimekua naambiwa hivyo na bibi, na nimeona kwa macho watu wazima waliokuwa hawaangaliani wanalia baada ya jani lile.

Sasa kwetu ugomvi ulikuwa ni huo huo, baba na baba mdogo, kisa mpaka. Masale ya upande mmoja yaling'olewa, kila mmoja anasema mwenzake ndiye aliyeng'oa, na kuanzia hapo hakuna shikamoo, hakuna kutumiana nyama Krismasi, watoto tukawa tunasalimiana kwa kujificha kwenye migomba. Na wote wawili ni Walutheri wazuri tu, usharika mmoja, Jumapili mmoja anakaa upande wa kushoto mwingine wa kulia, ikifika Chakula cha Bwana wote wanaenda mbele, wanapiga magoti, wanapokea, wanarudi nyumbani na chuki yao. Mimi hiyo ndo ilikuwa inaniumiza kuliko shamba lenyewe. Mathayo 5 iko wazi, ukiwa madhabahuni ukakumbuka ndugu yako ana neno juu yako, acha sadaka yako pale pale uende ukapatane naye kwanza. Mahubiri juu ya mstari huo wameyasikia mpaka wameyazoea, na kila mmoja alikuwa anaamini yanamhusu mwenzake.

Nilipoenda kumuuliza shangazi kwanini haishi akanijibu kitu kifupi sana, hakuna aliyeleta sale. Basi. Yani wazee hawa wameombewa, wameshauriwa, wameitwa ofisini kwa mchungaji, lakini katika akili zao msamaha ulikuwa haujaombwa bado, kwa sababu kwao msamaha huombwa hivyo.

Nikaanza kazi. Nilimfuata mzee wa ukoo, nikamfuata mwinjilisti wa mtaa, nikakaa na kila mmoja peke yake. Sitaeleza zile safari na zile simu, ila naomba mjue tu kwamba mtoto wa kike kuongea kwenye mambo ya kihamba sio jambo dogo kwetu, na niliongea. Makubaliano niliyoyapata ni haya: wote wawili wapeane sale siku moja, mwinjilisti asome Mathayo 5 na aombe, mbege inywewe ya undugu, lakini isimwagwe chini kwa ajili ya wafu wala wasiitwe. Hapo kwenye wafu mzee aligoma. Akaniuliza sasa waliotutangulia tunawaweka wapi, tuwafukuze kwenye kihamba chao? Swali zito hilo, na nawaambia walokole wenzangu tunalijibuga kwa haraka mno.

Nilimjibu kwa nilichojifunza kwa padri Charles Nyamiti, Mtanzania, mtu wa Tabora, aliyefundisha theolojia Nairobi miaka mingi. Yeye kwenye miaka ya 1980 aliandika kwamba Mwafrika anaweza kumwelewa Kristo kama Mhenga, yule aliyekufa, anayeishi, anayetuunganisha na Baba na kutufanya ndugu. Mimi sio Mkatoliki na sikubaliani na kila kitu alichoandika, ila siku ile ilinisaidia. Nikamwambia mzee, babu tunawakumbuka, tunawataja kwa heshima, tunamshukuru Mungu kwa ajili yao, lakini wa kutupatanisha ni mmoja na Yeye tayari yupo hapa kihambani. Akanyamaza muda mrefu. Kisha akasema sawa.

Siku yenyewe baba ndiye aliyeanza. Alimpa mdogo wake lile jani kwa mikono miwili na hakusema hotuba, baba mdogo akapokea, akatoa la kwake. Mwinjilisti akasoma. Wakanywa kata moja ya mbege. Baadaye wakaenda wenyewe wawili kupanda masale mapya pale mpakani, na Jumapili iliyofuata wakapiga magoti mbele pamoja, bega kwa bega. Najivunia jambo hili na sitaona aibu kusema najivunia.

Kilichofuata Dar ndicho kilichoniumiza. Kwenye kikundi nilichokuwa nasali (sikitaji) niliwasimulia kama ushuhuda. Wiki iliyofuata nikaambiwa nisiongoze tena kipindi cha watoto mpaka niombewe, kwa sababu nimeshiriki meza ya mashetani, wakanisomea 1 Wakorintho 10. Hakuna hata mmoja aliyeniuliza nini hasa kilitokea pale kihambani. Hakuna. Watu nilioshinda nao kwenye mikesha, niliowapikia walipougua! Nilikuwa natoka pale getini nalia.

Lakini hiyo hiyo 1 Wakorintho 10 isomeni mpaka mwisho jamani. Paulo anakataza kushiriki sadaka ya sanamu, ndio, halafu anasema cha sokoni kuleni msiulizeulize, ukialikwa na mtu asiyeamini nenda ule unachowekewa, ila mtu akikwambia hiki kimetolewa sadaka, acha. Paulo anataka uende na akili yako na dhamiri yako, uangalie, utofautishe. Na Matendo 15, mitume walikaa Yerusalemu kwa swali kama hili letu, je watu wa mataifa waache kwanza desturi zao wawe Wayahudi ndipo waokoke? Wakasema hapana, wakawapa makatazo machache tu, na moja ni vitu vilivyotolewa kwa sanamu. Mipaka ipo kweli, ila sio mingi kama tunayowekewa.

Na msidhani hili ni jambo la vijana wa mitandaoni. Mlima wetu umelibishania zaidi ya miaka mia. Mmisionari Bruno Gutmann, Mjerumani wa misheni ya Kilutheri ya Leipzig, alifika Uchagani 1902 na akahudumu Old Moshi mpaka 1938, na yeye aliona ukoo, ujirani na marika ni zawadi ya Mungu, hivyo akajenga usharika juu ya hivyo vitu badala ya kuvivunja. Alikuwa na kasoro zake, aliogopa mno mambo ya kizungu na ya mjini kuharibu watu wakati Wachaga wenyewe walikuwa wanataka shule kwa nguvu zote, huwezi kumwamulia mtu abaki vile alivyokuwa babu yake. Upande wa pili kuna uamsho ule uliotokea Gahini Rwanda miaka ya 1930 ukasambaa Afrika Mashariki, walokole wa mwanzo wakakataa tambiko kabisa na wengine walifukuzwa na koo zao kwa sababu hiyo. Siwadharau hata kidogo. Walitoka kwenye hofu halisi ya wafu na ya waganga, na walichokifanya vizuri kuliko sisi ni kutubu wazi wazi na kwenda kumwomba msamaha uliyemkosea uso kwa uso. Hebu niambieni hilo lina ugomvi gani na sale?

Kwahiyo mdogo wangu, nenda. Uliza kwanza. Kabla ya kikao mtafute mzee anayeongoza, mpe shikamoo yake, kaa chini, muulize kila hatua inafanywa kwa nani na kwa ajili ya nini, uliza mpaka uelewe. Ukiuliza kwa heshima watakwambia, mimi waliniambia. Mshirikishe mwinjilisti au mzee wa kanisa wa huko huko nyumbani, sio wa mjini asiyejua hata kihamba ni nini. Na uliza tena, maana koo hazifanani, cha kwetu sio lazima kiwe cha kwenu.

Wakristo tusiwe watu wa kukataa kabla ya kujua. Bwana wetu alizaliwa ndani ya ukoo wenye majina, alitahiriwa siku ya nane, alienda harusini Kana, alilia msibani kwa Lazaro, na wewe unataka kumtumikia kwa kukimbia kikao cha baba yako? Unamwachia nani hicho kikao? Ukikosekana wewe mwenye Neno ndio itamwagwa mbege na wataitwa wafu kweli, hakuna wa kusema tofauti.

Kuhusu lile swali lako la mwisho, ukipewa kata na umeona imemwagwa chini na babu ameombwa. Usinywe. Ipokee kwa mikono miwili, mrudishie mzee, mwambie nakuheshimu babu ila mimi naomba kwa Yesu peke yake. Atakasirika, kubali akasirike. Kisha baki umekaa pale pale mpaka baba yako apewe sale.