Mlinzi wa gemu anaijua mashine, wewe hakujui

Mkuu mleta uzi, umeuliza mambo mawili. Kwanza, kwa nini gemu uliyopakua inataka kuweka programu ya kuzuia chiti inayoamka pamoja na Windows hata siku ambayo huchezi. Pili, imekuwaje ukafungiwa siku mbili tu baada ya kununua kompyuta used Kariakoo, tena kwa akaunti mpya, wakati hujawahi kuchiti. (Kuchiti kwenye gemu nasema, ile nyingine ina jukwaa lake.) Nimeendesha kituo cha gemu za PC Sinza kwa miaka minne, mashine sita, buku kwa saa, na yote mawili yamenikuta. Jibu ni refu, mwenye haraka aruke.

Tuanzie kwa nini kuchiti kunawezekana. Ukicheza gemu ya risasi mtandaoni, seva, yaani kompyuta kuu ya wenye gemu, inaitumia kompyuta yako taarifa: adui yupo wapi, anaelekea wapi, amebakiwa na damu kiasi gani. Kompyuta inaziweka kwenye RAM, kumbukumbu yake ya muda, halafu ndiyo inakuchorea picha. Ukuta unaouona ni mchoro tu. Mtu mwenye wolihaki, chiti ya kuona watu nyuma ya ukuta, hajatoboa ukuta wowote, anasoma namba ambazo tayari zimo kwenye mashine yake mwenyewe. Aimboti, chiti ya kukulengea, nayo ni hivyo hivyo, ila inaongeza hatua: inachukua namba za mahali kichwa cha adui kilipo, inapiga hesabu ya pembe, inasogeza mausi. Kwa hiyo mlinzi wa gemu, yaani hiyo programu ya kuzuia chiti, awe Vanguard, Easy Anti-Cheat, BattlEye au VAC, kazi yake ni ngumu kuliko ya askari wa getini. Askari wa getini analinda nyumba ya tajiri wake. Huyu anatumwa kulinda ndani ya nyumba ya mtu mwingine, na huenda huyo mwenye nyumba ndiye mwizi.

Sasa yaliyonikuta. Mwaka 2022, Jumamosi moja mchana, dogo mmoja amekaa mashine namba 4. Mimi nafuta meza ya jirani. Kuua sana hakukunishtua, Sinza kuna watoto wanaua sana bila msaada wa mtu. Kilichonishtua ni ile alama ya kulengea. Ilikuwa imetulia kwenye ukuta mtupu, kisha ikaanza kwenda kushoto polepole, ikasimama, ikapanda kidogo kidogo kama mtu anayepanda ngazi. Sekunde mbili baadaye adui akachomoza juu ya ngazi, na alama tayari ipo kifuani kwake. Vile viboksi vyekundu vya kuonyesha watu alikuwa amevizima aliponisikia nakuja, ila ile ya kulenga aliisahau. Nikamwambia, "Dogo, inuka." Akanijibu bila kugeuka, "Bro, ni mausi tu nimeiongeza spidi."

Kosa lilikuwa langu pia. Nilikuwa nimewapa wateja wote haki za msimamizi kwenye Windows, kwa sababu gemu zilikuwa zinasumbua kujisasisha na sikutaka kuitwa kila dakika tano. Nikafuta faili lake, nikamfukuza, nikaona yamekwisha. Wiki ikapita, kimya. Siku ya kumi na moja mashine namba 4 ikakataa: kifaa hiki kimezuiwa. Mbaya zaidi, wateja watatu waliokuwa wamekalia kiti kile wiki ile nao akaunti zao zikafungwa. Mmoja alikuwa na akaunti ya miaka mitatu, na ndani yake kanunua mapambo ya bunduki kwa hela yake ya boda. Nilikaa naye hadi usiku tukiandika maelezo kwa huduma kwa wateja ya gemu ile. Akaunti mbili zilirudi. Ya kwake haikurudi.

Kwa nini siku kumi na moja? Hiyo ni mbinu ya zamani. VAC ya kampuni ya gemu ya Valve ipo tangu 2002, na imezoeleka kwa kuchelewesha adhabu na kufungia watu kwa mafungu. Ukimfungia mtu dakika ile ile, muuzaji wa chiti anajua mara moja ni kitu gani kimemkamatisha, anabadilisha, na jioni anauza toleo jipya. Ukikaa kimya wiki mbili ukawafungia wote kwa pamoja, hajui aanzie wapi. Kwa kampuni ni akili nzuri. Kwa mwenye kituo ni balaa, maana siku hizo kumi na moja kiti kimekaliwa na nusu ya mtaa.

Nikapiga Windows upya. Haikusaidia. Nikabadilisha diski, wapi. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba mlinzi hamtazami mtu, anatazama vyuma. Anachukua namba ya diski, anwani ya kadi ya mtandao, namba za utambulisho zilizoandikwa kwenye mazabodi (ile bodi kuu), na kwenye mashine mpya zaidi ufunguo uliomo ndani ya TPM, chipu ya usalama, ambao si rahisi kuughushi. Anavichanganya, anapata alama ya mashine. Ukibadilisha kimoja, vingine bado vinakutaja. Ndiyo maana nakuambia, mkuu, akaunti yako mpya haina kosa. Wewe umenunua mashine yenye kesi ya mtu mwingine.

Fundi mmoja akaniletea flashi yenye programu ya kubadilisha hizo namba. Maelekezo yake ya kwanza: zima Secure Boot, ule ukaguzi wa mashine inapowaka. Ya pili: zima antivirusi. Ya tatu: iendeshe kama msimamizi. Nikamrudishia flashi yake. Vitu hivyo vinauzwa na watu wale wale wanaouza chiti, na ukishafuata hatua zile tatu umempa mtu usiyemjua funguo za nyumba nzima, chooni hadi stoo.

Hapo tunaingia kwenye swali lako la kuamka pamoja na Windows. Kompyuta ina ngazi za mamlaka. Programu za kawaida, kivinjari, gemu yenyewe, zinakaa juu. Chini kabisa ipo kerneli, kiini cha Windows, pamoja na draiva, yaani programu zinazoendesha vifaa. Aliye chini anaona kila kitu cha walio juu, na anaweza hata kuwadanganya kuhusu wanachokiona. Zamani chiti zilikaa juu, na walinzi nao wakakaa juu: wanapekua RAM wakitafuta vipande vya programu zinazojulikana, kama antivirusi inavyotafuta virusi. Chiti zikashuka kerneli. Walinzi wakashuka kuzifuata, na wakiwa huko wanaweza kuikatalia programu nyingine isifungue RAM ya gemu.

Windows haikubali draiva isiyo na saini, muhuri wa kidijitali wa mtengenezaji, kwa hiyo wachitaji wakapata ujanja: wanachukua draiva halali yenye saini ya kampuni ya kweli lakini ina kasoro, wanapenya kupitia kasoro hiyo. Mlinzi akiamka baada ya hapo amechelewa, mwizi ameshavaa sare za ulinzi. Ndiyo hoja ya Vanguard, iliyotoka na gemu ya Valorant mwaka 2020 na kuwekwa kwenye League of Legends 2024: iamke mapema, ione kila draiva inayopakiwa tangu mwanzo. Mwanzoni ilikuwa kali hadi ikazuia draiva za baadhi ya programu za kusoma joto na kuendesha feni, watu wakalalamika sana. Na Secure Boot inahakikisha hakuna kilichojipenyeza kabla ya Windows yenyewe kuamka. Valorant kwenye Windows 11 inadai hiyo pamoja na TPM 2.0, na Battlefield 6 iliyotoka 2025 nayo inadai Secure Boot.

Je, walinzi hawa wanatupeleleza? Nitasema ninavyoona mimi. Uwezo upo, aliye kerneli anaweza kuona chochote. Lakini programu yoyote uliyoiendesha kwa akaunti yako, hata hiyo ya kukata video uliyoichukua Telegram, inaweza kusoma picha zako na nyaraka zako bila kufika kerneli. Kinachonitisha mimi si upelelezi, ni makosa. Programu ya juu ikikosea, inajifunga. Draiva ikikosea, mashine nzima inaanguka na skrini ya bluu. Tarehe 19 Julai 2024 sasisho bovu la CrowdStrike, ambayo ni kampuni ya programu za usalama wa maofisini wala si za gemu, liliangusha kompyuta za Windows zipatazo milioni 8.5. Na mwaka 2022 ilibainika kwamba wahalifu walikuwa wanatembea na draiva ya ulinzi ya Genshin Impact, wanaiweka kwenye kompyuta ambazo hata hazina gemu hiyo, ili iwasaidie kuua antivirusi kabla ya kufunga mafaili ya watu na kudai fidia. Mlinzi mwenyewe akawa mlango. Kwa hiyo mashine ya gemu mimi naiweka iwe ya gemu. Mahesabu ya kituo yapo kwenye laptopu nyingine.

Na usidhani kerneli inamaliza mambo. Siku hizi kuna kadi inachomekwa kwenye mazabodi kama kadi ya mtandao, inasoma RAM moja kwa moja, inapeleka kwenye kompyuta ya pili pembeni. Kwenye mashine ya gemu hakuna programu ya chiti hata moja ya kupekua. Walinzi wanajibu kwa kudai mipangilio ya BIOS, programu ya kuwashia mashine, inayobana vifaa visisome RAM ovyo, na kwa kuzitambua kadi zenyewe zinapojifanya kitu kingine.

Ulinzi ninaoupenda zaidi ni ule usiogusa kompyuta yangu kabisa. Seva inaweza kukataa upuuzi, kwa mfano mtu anayekimbia kuliko sheria za gemu zinavyoruhusu. Inaweza pia kukunyima taarifa: Valorant haikutumii mahali adui alipo hadi awe karibu kuonekana, hivyo wolihaki inabaki na kidogo sana cha kusoma. Nao Valve mwaka 2018 walieleza mfumo wao wa VACnet, unaojifunza kutazama jinsi mchezaji anavyolenga na kupeleka wanaotiliwa shaka wakatazamwe na watu. Kwa kifupi, unafanya kile nilichofanya mimi nikiwa na kitambaa cha kufutia meza. Call of Duty wana kituko kingine: wakimgundua mchitaji akiwa katikati ya mchezo, wanaweza kumwacha aendelee ila risasi zake haziumizi mtu. Hiyo nimeicheka sana.

Kwa wale mlioandika humu kwamba kila anayewaua ni mchitaji, punguzeni kidogo. Kutoka Dar tunacheza kwenye seva za Johannesburg au Ulaya. Seva inarudisha muda nyuma ili kuamua kama mwenzako alikuona alipofyatua, kwa hiyo wewe unajiona umeshajificha, kwake bado ulikuwa wazi. Hiyo ni ping, muda wa taarifa kwenda kwenye seva na kurudi.

Turudi kwako, mkuu. Kwanza soma ujumbe vizuri, maana kufungiwa na kukataliwa kuingia ni vitu viwili. Tazama kona ya chini kulia ya skrini yako. Ukiona maandishi "Test Mode", Windows uliyowekewa dukani imelegezwa ukaguzi wa saini za draiva, na walinzi wengi hawataki hata kukusikia. Hiyo si adhabu. Fungua CMD, lile dirisha la kuandikia amri, kama msimamizi, andika bcdedit /set testsigning off, zima na uwashe. Kisha andika msinfo32 uone Secure Boot imewashwa au la, na tpm.msc uone toleo. Mashine nyingi za ofisini za zamani zinazoshushwa Kariakoo zina TPM 1.2, na hapo kwa gemu zinazodai 2.0 hakuna mjadala. Kama BIOS Mode inasoma Legacy, Secure Boot haitawaka hadi diski igeuzwe kuwa GPT, mpangilio mpya wa kugawa diski. Windows ina mbr2gpt kwa kazi hiyo, lakini hifadhi mafaili yako kwanza, umeme ukikatika katikati utalia.

Ila kama ujumbe unasema kifaa kimezuiwa, rudi kwa muuzaji na risiti yako, na uwaandikie wenye gemu kwamba umenunua used, uambatanishe na picha ya risiti. Mimi mwishowe nilibadilisha mazabodi, laki na ishirini. Nilimwambia muuzaji kabla sijatoa hela tuifunge, tuwashe, tuingie kwenye gemu kwa akaunti mpya pale pale kaunta. Alinicheka, akawaita wenzake waje waone mteja anayecheza gemu dukani. Nikacheza raundi mbili. Najua raundi mbili hazioni adhabu iliyo njiani, lakini ile iliyokwisha kutolewa zinaionyesha.

Mazabodi ya zamani ya namba 4 sikuiuza kwa mchezaji. Nimeiunga kwenye boksi bovu, ipo stationery ya shemeji yangu Mabibo, inachapa barua na CV.