Mkono wa mpira: yanayowakwamisha wanaoanza kuendesha jaribio

Kama ndiyo mara yako ya kwanza kuendesha jaribio la mkono wa mpira, ambamo mshiriki huanza kuhisi mkono bandia kana kwamba ni wake, usihangaike kutafuta mkono unaofanana sana na wa mtu. Hata glovu iliyojazwa pamba hufaa. Kinachoharibu kazi ni mpangilio wa meza na mwendo wa burashi.

Mkono wa kushoto wa mshiriki ukae nyuma ya ubao, asiuone. Wa mpira, nao wa kushoto, uwe mbele ya macho yake, kama sentimita 15 kutoka ule wa kweli, vidole vikielekea upande uleule. Kitambaa kifunike kuanzia begani hadi kwenye kifundo cha mkono wa mpira. Ukiugeuza vidole vimwelekee yeye, umejimaliza.

Chukua burashi mbili ndogo zinazofanana, upapase vidole vyote viwili vya shahada, cha kweli na cha mpira, kwa pamoja, pahali palepale, kuelekea upande mmoja. Burashi moja ikichelewa nusu sekunde, hisia hufifia sana au hupotea. Wageni huchelewa pale wanapomchungulia mshiriki usoni kuona kama "imeshika". Macho kwenye burashi! Kwa wengi dakika 2 hutosha, ingawa watafiti Botvinick na Cohen, waliochapisha jaribio hili mwaka 1998, walipapasa kwa dakika 10.

Macho yanaona mguso, ngozi inauhisi papo hapo, basi ubongo unachukulia kuwa ni tukio moja. Kuhusu mahali, huyaamini zaidi macho kuliko hisi ya viungo (inayokujulisha kiungo kiko wapi bila kukitazama), na mkono "unahamia" kwenye mpira.

Duru ya pili, ya muda uleule, burashi zipishane makusudi. Wengi huiruka, na bila hiyo huwezi kujua kama mtu amehisi kweli au anakufurahisha tu. Nusu ya washiriki waanze na duru hii. Usiulize "Unahisi ni mkono wako?", maana hapo umeshamtilia jibu mdomoni. Mpe sentensi kadhaa, nyingine za mtego (zisizohusu hisia hii), azipime kutoka -3 (sikubali kabisa) hadi +3 (nakubali kabisa).

Kabla na baada ya kila duru, afumbe macho na kuonyesha kwa mkono wa kulia, chini ya meza, ilipo ncha ya shahada ya kushoto. Pima kwa sentimita tofauti kati ya alipoonyesha kabla na baada. Kipimo hiki na majibu yake visipolingana, andika vyote, ni kawaida. Wapo pia wasiohisi chochote, na usiwafute kwenye daftari.

Nyundo ya kushtukiza inayopigwa mkono wa mpira, mnayoiona kwenye video, iacheni. Mtu akiruka, vipimo vya baadaye havina maana tena.