Mazimwi ya filamu yanalipa? Namjibu mdogo wangu wa Tukuyu

Mdogo wangu ameniuliza mbele ya vijana wenzake wa Rungwe: hii kazi ya kufinyanga majoka na mazimwi ya filamu huku Uingereza inalipa? Na je, akiuza shamba la parachichi anaweza kunifuata? Dogo, nakujibu waziwazi kwa sababu nakupenda. Usiuze shamba.

Inalipa, ila pale inapokuwepo. Tunaishi kwa mikataba, filamu moja baada ya nyingine. Kiumbe kikikamilika mnaagana, lakini kodi ya nyumba iko palepale. Mwaka 2023 waandishi wa filamu wa Marekani waligoma kuanzia Mei, waigizaji wakafuata Julai hadi Novemba. Studio nyingi za hapa hutegemea fedha za Hollywood, basi mafundi wa London wasio na ugomvi na mtu wakakosa kazi. Mimi nilifanya usafi wa maofisi usiku, na hela ya kutuma nyumbani ilipungua. Mama anajua.

Kazi yenyewe naipenda mno. Kwanza unafinyanga kiumbe kidogo cha mfano. Mwongozaji wa filamu akikikubali, mnaunda kiunzi cha chuma na waya, mnakivika udongo wa mafuta usiokauka. Kisha inachukuliwa kalibu, yaani umbo tupu la kumiminia, na ngozi yenyewe inamiminwa kwa silikoni au povu la mpira linalookwa kwenye oveni. Mikunjo ya shingo tunaichora juu ya nailoni nyembamba iliyotandazwa kwenye udongo, ili kingo zake ziwe laini kama za nyama hai. Vitundu vya ngozi? Unachukua chapa ya silikoni iliyotolewa kwenye ganda la chungwa, unagandamiza taratibu.

Lakini mikono myepesi wanayo wengi. Kinachotafutwa ni jicho lililomtazama mnyama wa kweli. Kuna joka langu lilisifiwa kwa kope zake. Nilizitoa kwa kinyonga wa pembe tatu wa milima ya Poroto, yule tuliyekuwa tunamkimbia utotoni. Kope zake zimeungana kuwa umbo la koni, limebaki tundu dogo tu la kuonea. Wenzangu hapa wanamjua kwa picha. Wewe unaye nyuma ya nyumba.

Basi anzia huko. Nenda Matema, kando ya Ziwa Nyasa, uombe kukaa na akina mama wafinyanzi wa kabila la Wakisi wa kijiji cha Ikombe, ujifunze udongo unavyopasuka na kwa nini. Jifunze na kufinyanga kwenye kompyuta, maana viumbe vingi siku hizi vinaanzia humo. Programu ya Blender ni ya bure, na kompyuta nitachangia. Anayejua njia zote mbili hupigiwa simu mapema.

Ukishapata viumbe vichache vinavyosimama kwa miguu yao, vipige picha mbele, nyuma na ubavuni, mchana, bila urembo. Nitumie. Nitampelekea mkuu wa karakana mwenyewe, na atakachosema nitakuambia vilevile alivyosema.